Video ikigandaganda kwenye TV, chomoa plagi kwanza

Jamani, filamu ikikwama na kile kiduara kikaanza kuzunguka, msikimbilie kununua bando jingine. Kuzima kwa rimoti hakutoshi, maana smart TV nyingi hulala tu na programu hubaki imeganda vilevile. Chomoa plagi ukutani, subiri dakika nzima, ndipo urudishe.

Bado? Pima kasi ya intaneti kwa tovuti ya fast.com kwenye TV yenyewe, siyo kwenye simu uliyoishika karibu na ruta (kile kifaa cha Wi-Fi). Netflix hupendekeza Mbps (megabiti kwa sekunde) 5 kwa picha ya 1080p, yaani HD kamili, na 15 kwa 4K, ile kali zaidi. Kwangu ilisoma 2! Ruta ilikuwa imejificha nyuma ya kabati la vyombo. Nilipoihamishia juu ya meza, ikapanda hadi 11, na watoto wakamaliza katuni yao bila kukatika hata mara moja.