Kuisoma Ramani ya Hatari ya Mitetemeko kwa Nyumba ya Unguja

Mwongozo huu nimeuandika baada ya kumsaidia mjomba wangu, ambaye alitaka kuongeza ghorofa kwenye nyumba yake ya Darajani na hajausahau mtikisiko wa tarehe 12 Agosti 2020, uliotokea baharini kusini-mashariki ya Dar es Salaam ukiwa na ukubwa wa karibu 6.

Hatua ya kwanza: pakua data ya gridi ya ramani ya dunia ya taasisi ya GEM, inayotathmini hatari za mitetemeko duniani, uifungue kwa QGIS, programu ya kompyuta ya kusomea ramani. Picha za ramani zinazosambazwa kwenye simu sizipendekezi hata kidogo, kwani rangi hudanganya jicho, ilhali QGIS hukupa tarakimu ya mahali unapopabofya.

Hatua ya pili: fahamu maana ya tarakimu hiyo. Ni mchapuko wa juu kabisa wa ardhi inapotikisika, yaani jinsi mwendo wake unavyobadilika kwa haraka, wenye uwezekano wa asilimia 10 wa kuvukwa ndani ya miaka 50; 0.1 ni sehemu ya kumi ya mchapuko wa uvutano wa dunia. Miaka 475 inayotajwa pamoja nayo ni wastani tu wa muda kati ya mitikisiko inayovuka kiwango hicho, wala hakuna mtetemeko unaongoja miaka hiyo itimie.

Hatua ya tatu: rekebisha kwa udongo. Hapa nilipoteza usiku mzima. Nilikwisha kumwambia mjomba kwamba Darajani na Mji Mkongwe zina hatari moja, kwa kuwa tarakimu ilikuwa ile ile, mpaka nilipogundua kwamba ramani huchukulia ardhi yote kuwa mwamba, na nikakumbuka kuwa daraja lililopapa mahali hapo jina lilivuka hori la bahari ambalo baadaye lilifukiwa. Udongo laini hukuza mtikisiko. Kanuni za ujenzi za Ulaya, Eurocode 8 ya mwaka 2004, kwa maeneo ambayo mitetemeko yake si mikubwa sana, huzidisha tarakimu ya mwamba kwa 1.5 penye tabaka nene la mchanga ulioshikana au udongo mgumu, na kwa 1.8 penye udongo laini. Usikisie aina ya udongo kwa kutazama shimo la msingi, kwani huamuliwa na mita 30 za juu. Agiza kipimo cha udongo. Aidha, mchanga mlegevu uliojaa maji unaweza kulainika kama uji unapotikiswa, na kuzidisha peke yake hakulionyeshi hilo.

Hatua ya nne: kagua nyumba yenyewe. Ukuta wa mawe ya matumbawe na chokaa ni mzito na hauhimili kuvutwa, kwa hiyo tazama iwapo vichwa vya boriti vimefungwa ukutani. Vya mjomba vilikuwa vimelazwa tu, na ujenzi wa ghorofa umesitishwa mpaka fundi avifunge na majibu ya udongo yapatikane.