Ukienda Japani kiangazi mfuate ayu: jinsi ya kuvua mtoni na kula hukohuko

Watu wengi wakienda Japani wanakimbizana na Tokyo, Osaka, Kyoto, wanarudi wamekula samaki wa baharini tu na mto hawajaugusa hata kwa kidole. Mi nakwambia kama safari yako inaangukia kati ya Juni na Septemba, tenga siku mbili tatu za mtoni na siku hizo zote zizunguke samaki mmoja anaitwa ayu. Ukishamuelewa huyo ndo utaelewa kwa nini wazee wa kule wanasimama kwenye maji kutwa nzima na fito ndefu, kwa nini kuna ndege wanaovua usiku wakiwa wamefungwa kamba, na kwa nini samaki anakuja mezani kajipinda kama bado anaogelea.

Ayu anaishi mwaka mmoja tu. Anatotolewa mtoni chini huko wakati wa vuli, maji yanambeba mpaka baharini akiwa mdogo kama uzi, anakaa huko kipindi cha baridi, halafu masika anapanda mto. Akifika juu kwenye mawe anaacha kula vidudu anaanza kukwangua mwani kwenye mawe, na hapo anakuwa mkali sana, kila mmoja ana kieneo chake na mwenzake akisogea anamvamia. Vuli ikifika wanashuka, wanataga, wanakufa. Huo mwani ndo unaompa ladha, kwa hiyo ayu wa mto huu na wa mto ule hawalingani, na akiwa katoka majini sasa hivi ananukia kama tango au tikiti maji, mnuse mwenyewe uone.

Ushauri wangu ni usianze na fito, anza kwa kutazama. Nenda Gifu, mji uko karibu na Nagoya, treni ya haraka ya JR, kampuni ya reli ya kule, ni kama dakika 20 tu, ukishuka unapanda basi mpaka kituo cha Nagarabashi, robo saa hivi. Hapo kwenye mto Nagara kuna ukai, yaani uvuvi wa kutumia ndege aina ya mnandi, na wamekuwa wakifanya hivyo zaidi ya miaka 1,300. Msimu ni kuanzia tarehe 11 Mei mpaka 15 Oktoba, karibu kila usiku. Wale mabwana wa mnandi wanaitwa usho, pale Gifu wako sita na juu kidogo ya mto, sehemu inaitwa Oze kwenye mji wa Seki, wako watatu, na wote tisa wana cheo rasmi kwenye ofisi ya nyumba ya mfalme. Kazi inarithiwa, baba kwa mwana.

Inavyokwenda ni hivi. Unakata tiketi ya boti ya kutazamia, bora ubuki mapema hasa Agosti na wikendi, bei ni yen elfu kadhaa kwa mtu mzima na inabadilika kwa siku. Unapanda jioni, boti zinajipanga kando, wengi wanakula chakula chao humohumo kabla ya giza kwa hiyo ulizia mapema kama chakula kinauzwa au unabeba chako. Karibu saa mbili kasoro usiku ndo unaona moto unashuka na mto. Kila boti ya usho ina kikapu cha chuma mbele kinachowaka kuni za msonobari, cheche zinadondoka majini, na usho amesimama na nguo nyeusi na sketi ya majani makavu inayozuia maji, mkononi kashika kamba za ndege kama kumi na mbili, wote kwa mkono mmoja, na hazisokotani! Mwanga unawashtua ayu, wakikimbia wanang'aa na mnandi anawadaka. Shingoni ndege kafungwa kamba kwa kipimo, samaki mkubwa hapiti lakini mdogo anapita, kwa hiyo ndege naye anakula. Mwishoni boti zote sita zinajipanga sambamba zinawasukuma samaki kwenye maji mafupi, na sauti za usho za "ho ho" na wasaidizi wao wakigonga ubavu wa boti unazisikia mpaka kifuani. Weka simu chini dakika hizo, flashi hapana kabisa.

Kama hela imebana unaweza kutazama ukiwa ukingoni bila kulipa, unaona kwa mbali kidogo lakini unaona. Na kitu kimoja muhimu, mvua kubwa ikinyesha mto ukajaa wanaahirisha, na usiku wa mwezi mpevu wa vuli pia hawatoki, kwa hiyo lala Gifu usiku mbili usije ukapanga usiku mmoja tu halafu ukakosa, mi ilinitokea na nililazimika kubadilisha ratiba nzima.

Sasa kuvua mwenyewe. Kwanza kibali, na hapa usicheze. Mito ya Japani inasimamiwa na vyama vya ushirika vya wavuvi, wao ndo wanapandikiza samaki na kutunza mto, na ukivua lazima uwe na kibali kinaitwa yugyoken, kwa maandishi yao ni 遊漁券. Ya siku moja unaomba "ichinichi-ken". Zinauzwa maduka ya vifaa vya uvuvi, baadhi ya maduka madogo ya saa 24, siku hizi hata kwenye simu kwa mito mingi. Ya ayu huwa ghali kuliko ya samaki wengine, mara nyingi yen 2,000 hadi 3,000 hivi kwa siku, na ukikutwa mtoni bila kibali msimamizi anakuuzia hapohapo kwa bei ya juu, na kwa kweli ni aibu mbele ya wazee waliolipa. Kila mto una siku yake ya kufungua msimu wa ayu, mingi ni mwanzoni au katikati ya Juni, uliza kabla hujaenda.

Njia yenyewe ya wenyeji inaitwa tomozuri na mi naona ni ya akili kuliko zote nilizowahi kuona. Chambo ni ayu mzima aliye hai. Unamvisha kipete puani, nyuma yake kuna ndoano zinazoning'inia, unamwongoza taratibu mpaka kwenye jiwe lenye mwani uliokwanguliwa, ukiona jiwe linang'aa ujue kuna mwenyewe. Mwenyewe anaona mgeni kaingia shambani kwake, anamvamia, ndoano inamshika ubavuni. Halafu yule uliyemkamata ndo anakuwa chambo kipya kwa sababu ana nguvu, yule wa kwanza anapumzika. Fito ina urefu wa mita 9 hivi na bei yake ni ya kutisha, usinunue. Tafuta duka lenye bendera imeandikwa おとり, hapo wanauza samaki wa chambo na baadhi wanakodisha vifaa au wanakuelekeza kwa mtu anayefundisha wageni. Siku ya kwanza ukipata wawili shukuru sana.

Hiyo ikikushinda kuna njia nyepesi mbili. Moja ni tenkara, ya mito ya milimani kwa ajili ya samaki kama iwana, yamame na amago, una fito, uzi na ndoano yenye manyoya basi, hamna gurudumu la kukunjia uzi, unatupa unaacha inaelea unatupa tena, na mkono ukishazoea nusu saa unaanza kufurahi. Msimu wake huwa unaisha mwisho wa Septemba. Ya pili, hasa kama una watoto, ni mabwawa na vijito vya kulipia ambapo wanaweka samaki wenyewe, wanakukodisha fito, ukikamata wanakuchomea papo hapo.

Usalama nausema kwa uzito. Mawe yana utelezi mbaya, kodisha viatu vyenye soli ya sufi. Mito mingi ina mabwawa juu, ukisikia king'ora maana yake wanafungulia maji, toka mtoni hapohapo usisubiri kuona, hata kama jua linawaka na maji yametulia. Maji yakianza kubadilika rangi vilevile toka. Milimani kuna dubu, beba kengele. Na usiingie mbele ya mtu anayevua, mzunguke kwa mbali, msalimie.

Haya tuje kwenye kula, maana ndo tulichofuata. Cha kwanza ni shioyaki, ayu wa kuchoma kwa chumvi, na kama utakula kimoja tu basi kile hicho. Wanampitisha kijiti mwilini akiwa kapindwa kama wimbi ndo maana anaonekana anaogelea, mapezi yanapakwa chumvi nyingi yasiungue, halafu anasimikwa pembeni ya mkaa kichwa chini, taratibu, hata nusu saa au zaidi, mafuta yake yanashuka yanakaanga kichwa chake mwenyewe. Utumbo hautolewi. Wageni wengi wanautoa, usiutoe, ule uchungu kidogo ndo mwani wa mto wenyewe na ndo kitu wenyeji wanachokilipia. Mdogo unamla mzima na mifupa. Mkubwa fanya hivi: mbonyeze kwa vijiti vya kulia kuanzia kichwani mpaka mkiani, vunja mkia, ng'oa mapezi, legeza nyama kuzunguka shingo, shika kichwa vuta polepole, uti wote unatoka mzima. Wakikuona umeweza hilo utapendwa. Pembeni kuna kibakuli cha siki ya kijani iliyotwangwa na majani makali, tadezu, chovya kidogo tu.

Pahali pazuri pa kula ni kwenye yana. Yana ni uzio wa mianzi unaowekwa kukatiza mto, maji yanapita katikati ya mianzi, samaki anabaki juu ya jukwaa. Zimebaki nyingi za watalii, mkoa wa Gifu zipo na kando ya mto Naka kule Tochigi pia, unakaa kibanda juu ya maji na wanakuletea ayu mfululizo, wa chumvi, wa kupikwa kwa sosi ya soya na sukari mpaka mifupa inalainika, wa kukaanga, wali uliopikwa naye, na mwisho uji wa wali. Ukitaka wa mtoni kweli uliza "tennen desu ka", wa kufugwa anaitwa yoshoku, ni nafuu na mnono lakini utumbo wake hauna ile harufu. Watakupa pia kuonja uruka, utumbo wa ayu uliokaa kwenye chumvi, ni mkali, kula na wali. Wakikuletea mbichi mi ningekataa kwa heshima, samaki wa mtoni ana minyoo midogo, wa kuchomwa hana shida. Kama hutumii pombe ujue ile ya sosi tamu na wali mara nyingi vina mirin au sake, shioyaki ni chumvi tu ila uliza.

Beba pesa taslimu, vijijini kadi inakataa. Bakshishi hawapokei, sema "itadakimasu" kabla ya kula na "gochisosama" ukimaliza, inatosha.

Na kama una siku za ziada, shuka mpaka kisiwa cha Shikoku kwenye mto Shimanto mkoa wa Kochi, mto wenye urefu wa kilomita 196, madaraja yake ya zamani hayana kingo ili mafuriko yapite juu bila kuyabomoa. Pale wanapika kamba wa mtoni wenye mikono mirefu, mikunga, na mwani wa kijani wa kukaanga kwa unga, na kuanzia mwisho wa kiangazi kuingia vuli wanavua ayu usiku kwa mienge, moto unawatisha samaki wanakimbilia nyavuni. Kipindi hicho ayu wanashuka wakiwa wamejaa mayai, wakichomwa na chumvi yale mayai yanatafunika vizuri sana, agiza hao kama umefika wakati huo.