Kabla hujasaini makubaliano ya kumaliza kesi ya madai

Kesi ya madai inaweza kumalizwa na wenyewe wakati wowote kabla ya hukumu, hata mashahidi wakiwa wamekwisha kusikilizwa. Shida ni kwamba wengi hufika hapo wamechoka, wakasaini ili tu waache kupanda ngazi za mahakama. Kwa hiyo fanya hesabu mapema, ukiwa umetulia. Unadai kiasi gani, na kati ya hicho ni kiasi gani unaweza kukithibitisha kwa karatasi ulizonazo? Kesi ikiendelea hadi mwisho, itakula kiasi gani? Ukishinda, mwenzako ana mali ya kulipia? Kiwango cha chini unachoweza kukubali kiandike, akijue wakili wako peke yake.

Mazungumzo hayasimamishi kalenda ya mahakama. Siku za kuwasilisha utetezi zinahesabika vilevile, na mdaiwa aliyeambiwa "usihangaike kuja, si tunaongea?" anaweza kukuta kesi imeamuliwa upande mmoja.

Anayesaini awe na mamlaka. Mwakilishi wa kampuni aje na idhini ya maandishi. Kama mdai ni mtoto, kwa kawaida mahakama yenyewe lazima iridhie. Na mali yenye wenyewe zaidi ya mmoja haitolewi na mmoja wao.

Pa kukaa sana ni kwenye maneno ya hati. Tazama sentensi hii: "Mdaiwa atalipa deni lililobaki mapema iwezekanavyo." Inasomeka vizuri, lakini dalali wa mahakama, yule anayetekeleza hukumu, atashika nini hapo? Mapema ni lini, na deni lililobaki ni kiasi gani? Sasa soma hii: "Mdaiwa atalipa kiasi kilichotajwa kwa awamu 6 zilizo sawa, kila tarehe 5 ya mwezi, kupitia akaunti ya mdai, awamu moja ikichelewa kwa siku 7, salio lote litadaiwa mara moja." Andika hati kana kwamba atakayeisoma hawajui ninyi wawili, kwa sababu mkija kukosana ndivyo itakavyokuwa. Gharama za kesi na riba zitajwe ni za nani. Neno "yote" nalo liogope: ukikubali kwamba umeachilia "madai yote" dhidi ya mwenzako, lile deni jingine ambalo halikuwamo kwenye kesi linaweza kuwa limekwenda nalo.

Usiiondoe kesi kwa ahadi. Ukiiondoa na kubaki na makubaliano ya pembeni, akikiuka huenda ukalazimika kufungua kesi mpya. Hati ikisajiliwa mahakamani ikawa hukumu, unakwenda moja kwa moja kuikazia, yaani kuomba mahakama itekeleze. Uingereza wana njia ya katikati, iliyopewa jina la Jaji Tomlin aliyeieleza mwaka 1927: kesi inasimamishwa, masharti yanawekwa kwenye jedwali lililoambatanishwa na amri ya mahakama, na mhusika anaruhusiwa kurudi mahakamani ili yatekelezwe.

Jambo la mwisho, hukumu ya makubaliano ni ngumu sana kuitengua. Kujutia bei si sababu. Utahitaji kitu kama udanganyifu, kulazimishwa au kosa kubwa la pande zote. Kama kuna ibara huielewi, omba kesi iahirishwe. Kesi huahirishwa kwa mambo madogo kuliko hilo.