Namna ya kuitazama Oppenheimer nyumbani bila kupotea katikati

Filamu hii ya Christopher Nolan ya mwaka 2023, kuhusu Robert Oppenheimer, mwanafizikia aliyeongoza utengenezaji wa bomu la atomiki la Marekani, iligharimu takriban dola milioni 100, inachukua saa 3, na sehemu kubwa ya saa hizo ni watu waliokaa vyumbani wakizungumza. Pesa imeenda kwenye nyuso na maneno. Mlipuko upo, ila ukishapita bado kuna karibu saa nzima ya watu kuulizana maswali. Anayeiandalia sebule kama filamu ya mapigano, besi juu na rangi kali, atakuwa anasinzia kabla hawajafika Los Alamos, pale bomu lilipotengenezwa. Tunaanza na sauti, maana wengi wanaangukia hapo.

Sauti

Katika sauti ya 5.1, yaani ya spika tano na moja ya besi, maneno ya wahusika hupita zaidi kwenye spika ya katikati. Runinga yenye spika zake mbili tu ikipokea sauti hiyo na isiichanganye vizuri, muziki unasikika na watu hawasikiki. Ingia kwenye menyu ya sauti ya runinga, kisha ya kifaa unachochezea filamu, uchague Stereo au PCM. Kama una saundibaa yenye spika ya katikati, acha 5.1 na upandishe spika hiyo desibeli 2 hadi 3. Ukizidisha hapo sauti za watu zinaanza kukwaruza na muziki unasikika kama wa nyumba ya jirani.

Hata ukipanga vizuri, kuna maneno yatakuponyoka. Nolan hapendi kuwaita waigizaji studio warudie maneno baada ya kupiga picha. Anabaki na sauti iliyonaswa palepale mbele ya kamera, pamoja na minong'ono yake. Kwa hiyo washa maandishi ya chini hata kama Kiingereza chako ni cha kujitapa. Ukikuta chaguo lenye alama ya SDH au CC, yaani maandishi ya wasiosikia vizuri, chukua hilo, kwa sababu mara nyingi linataja anayezungumza asipoonekana kwenye picha. Mtafsiri wa kibanda umiza anaiweza filamu ya makomando, anajaza kimya kwa utani na watu wanacheka. Hapa akiongeza sentensi moja amefunika tatu.

Ukicheza faili kwa programu ya VLC na maandishi yanawahi au yanachelewa kwa kiasi kilekile tangu mwanzo, bonyeza G kuyawahisha na H kuyachelewesha. Kila mbonyezo ni milisekunde 50. Lakini kama yanaanza sawa kisha yanazidi kuachana na midomo, G na H hazitakusaidia: faili la maandishi limetengenezwa kwa kasi nyingine ya picha. Tofauti kati ya fremu 23.976 na 25 kwa sekunde hufika karibu dakika mbili na nusu kwa kila saa ya filamu. Tafuta faili lenye kasi ya nakala yako, usipoteze jioni ukibonyeza.

Sasa kiasi cha sauti. Chagua mazungumzo ya chini ndani ya dakika kumi za kwanza, pandisha mpaka usikie kila neno bila kuinama mbele, halafu weka rimoti mbali. Hili lina sababu yake. Jaribio la Trinity, mlipuko wa kwanza wa bomu la atomiki, lilifanyika Julai 16, 1945, saa kumi na moja na dakika 29 alfajiri, na waliokuwa kilomita 9 kutoka kwenye bomu waliona mwanga sekunde 26 hivi kabla ya kusikia kishindo, kwa kuwa sauti husafiri takriban mita 340 tu kwa sekunde. Nolan ameuchukua ukweli huo akaurefusha: moto unapanda juu, na unachosikia ni pumzi za watu. Hapo ndipo mtu sebuleni hudhani spika zimekufa, anashika rimoti na kupandisha. Kishindo kikifika, mtoto anaamka na jirani anagonga ukuta. Kama nyumba zenu zimebanana, washa Night Mode kwenye saundibaa, au Compressor kwenye VLC, kabla filamu haijaanza. Inapunguza tofauti kati ya mnong'ono na kishindo, na kweli inaua kidogo raha ya kishindo chenyewe, lakini maneno yanabaki.

Picha

Zima kwanza kinachoitwa TruMotion kwenye LG, Auto Motion Plus kwenye Samsung au Motionflow kwenye Sony. Filamu imepigwa fremu 24 kwa sekunde, na runinga inabuni fremu nyingine za kujaza nafasi. Matokeo yake uso wa Cillian Murphy, anayeigiza Oppenheimer, unateleza kama wa mtangazaji wa habari, na filamu hii inaishi usoni mwake. Kama kuna Filmmaker Mode, iwashe. Itakuzimia yenyewe sehemu kubwa ya mapambo hayo.

Kwa rangi, tumia sehemu za nyeusi na nyeupe kama kipimo chako. Simamisha picha kwenye mojawapo uangalie kijivu cha suti. Kikionekana cha bluu, joto la rangi liko Cool, lipeleke Warm. Macho yatalalamika dakika chache za mwanzo kwamba picha imekuwa ya njano, kisha yatazoea. Mikanda myeusi ya juu na chini inayotokea na kutoweka kwenye nakala ya diski si hitilafu. Kuna sehemu zilizopigwa kwa kamera ya IMAX, ya picha ndefu kwenda juu, zinazojaza kioo, na nyingine za umbo pana zaidi. Ukitumia Zoom kuiondoa, unakata vipaji vya nyuso. Runinga ya inchi 55 itazame kutoka mita 1.7 hadi 2.2, karibu kuliko watu wengi walivyopanga makochi.

Ramani ya miaka

Hapa ndipo filamu inapowatupa watu. Inaruka miaka bila kukuandikia tarehe kwenye kioo, na mtazamaji hukimbilia desturi ya kawaida: nyeusi na nyeupe ni zamani, rangi ni sasa. Hapa ni kinyume. Sehemu za rangi zinaonekana kwa macho ya Oppenheimer, kiasi kwamba Nolan aliziandika kwenye muswada kwa "mimi". Nyeusi na nyeupe ni upande wa Lewis Strauss, aliyepata kuwa mwenyekiti wa Tume ya Nishati ya Atomiki ya Marekani, na kikao chake cha mwaka 1959 ndicho kipindi cha mbele kabisa katika hadithi.

Andika haya kwenye karatasi uiweke mezani:

– Rangi, miaka ya 1920 hadi 1945: masomo Ulaya, kufundisha Berkeley, kisha Los Alamos na bomu.
– Nyeusi na nyeupe, 1947, Princeton: Strauss anampokea Oppenheimer, na kando ya bwawa yuko Einstein.
– Rangi, 1954, chumba kidogo mjini Washington: Oppenheimer ana mvi na nywele fupi, wakili Roger Robb anamhoji.
– Nyeusi na nyeupe, 1959, Baraza la Seneti: Strauss anataka kuthibitishwa kuwa Waziri wa Biashara.

Kile chumba kidogo cha 1954 kielewe mapema. Si mahakama. Hakuna hakimu wala jela mwisho wake. Kinachopiganiwa ni kibali cha kuona siri za nyuklia za serikali. Bodi ya watu watatu ilipendekeza asirudishiwe, kwa kura 2 dhidi ya 1. Asiyelijua hili anangoja hukumu ya kifungo mpaka filamu inaisha. Majina ya kushika ni machache: Groves, jenerali aliyesimamia mradi, Teller, anayetaka bomu kubwa zaidi, Rabi, rafiki mwenye kusema ukweli, Chevalier, aliyezungumza jikoni kuhusu kuwapa Wasovieti habari, na Borden, aliyeandika barua ya kumshtaki Oppenheimer mwaka 1953. Jina la Chevalier utalisikia kila mara maswali yanapokaza.

Asiyefika mwanzo asubiri siku nyingine. Pale bwawani Oppenheimer na Einstein wanazungumza na hatusikii neno, tunamwona Strauss tu akijiona amedharauliwa. Filamu nzima inakaa na swali hilo.

Mapumziko

Nolan hakuweka mapumziko, lakini kibofu hakijui hilo. Kusimamisha katikati hasa, dakika ya 90, ni kosa kwa sababu unakata ujenzi wa bomu. Ngoja Trinity ipite, ngoja na hotuba ya Oppenheimer ukumbini baada ya Hiroshima. Itazame hiyo bila kuzungumza: umati unapiga miguu, kelele zinakatika ghafla, nyuma yake ukuta unatetemeka, mwanga mweupe unamfuta mwanamke anayeshangilia, na yeye anaendelea kusema maneno ya ushindi huku macho yamekwama. Hakuna bomu linalolipuka pale, na ndiyo tisho kubwa kuliko Trinity yenyewe. Akishatoka ukumbini, simamisha dakika 15 au 20. Chai, choo, kisha pitieni ile karatasi, kwa maana saa iliyobaki inarukaruka kati ya 1954 na 1959. Mkianza saa moja jioni mnamaliza saa nne na robo au zaidi kidogo.

Watoto walale kwanza. Na usiitazame na mama mkwe: kuna picha za utupu, moja ndani ya kile chumba cha mahojiano, tena bila onyo.

Kwa bando: picha ya HD inaweza kula hadi GB 3 kwa saa, 4K hadi 7. Kama huduma yako inaruhusu kupakua, pakua usiku wa kuamkia.

Mpangilio huuhuu utakufaa kwa Killers of the Flower Moon ya Martin Scorsese, dakika 206, ila pandisha uvumilivu wa maandishi ya chini. Baadhi ya maneno ya Kiosage, lugha ya Waosage, wenyeji wa asili wa Marekani, yameachwa bila tafsiri kwa makusudi. Usisimamishe kutafuta faili jingine. Angalia tu nani kwenye chumba ameelewa na nani ameachwa nje.