Beseni, bonde au nyonga? Jinsi ya kufasiri neno "basin"

Ukilikuta "basin" katika maandishi ya Kiingereza, usichukue neno la kwanza la kamusi. Linaweza kuwa chombo cha kufulia, nchi nzima inayomwagia maji mto mmoja, au tabaka za miamba zilizojikunja chini ya ardhi. Kiswahili kina neno lake kwa kila kimoja.

Anza na asili, kwa sababu ndiyo inayoeleza maana zote zinakotoka. "Beseni" letu limetoka Kiingereza, na sauti zenyewe zinashuhudia: irabu ya kwanza Waingereza huitamka "ei", sisi tukaishika kama "e", tukatia irabu kati ya s na n, tukafunga kwa "i". Lingetoka kwenye "bacia" ya Kireno, tungetegemea kitu kama "basia". Waingereza walilipata kwa Kifaransa cha kale, "bacin", nacho kililitoa kwenye Kilatini cha zama za mwisho. Gregory wa Tours, mwandishi wa karne ya 6, anataja mabakuli ya mbao ambayo watu wa kawaida waliyaita "bacchinon". Kwa hiyo chombo ndicho kilichotangulia. Ardhi ilikuja baadaye kwa sitiari: mwaka 1752 mwanajiografia Mfaransa Philippe Buache alieleza uso wa dunia kama mabonde yaliyotenganishwa na safu za milima.

Kwenye vyombo kazi ni nyepesi. Kipana cha kufulia au kuogea ni beseni, cha kulia ni bakuli, na kilichojengewa ukutani chenye bomba ni sinki, au beseni la kunawia. Angalia upatanisho tu: ni beseni la, mabeseni ya. "Beseni ya" imeenea sana, lakini katika maandishi sanifu ni kosa.

Ugumu uko kwenye mito. Kiswahili hutumia "bonde" kwa vitu viwili: uwanda ulio chini kati ya milima, na eneo lote ambalo mvua yake hatimaye huingia mto mmoja. Mabonde ya maji ya Tanzania, kama Pangani na Rufiji, yameitwa hivyo kwa maana hii ya pili, na vilele vya milima vimo ndani yake. Bonde la Ufa ni la maana ya kwanza. Kabla ya kuandika, jiulize: je, kilele cha mlima kinahesabiwa? Kikihesabiwa, andika "bonde la Mto" na jina lake. Mto Malagarasi ni mfano mzuri. Uko Tanzania, mbali kabisa na Mto Kongo, lakini maji yake huingia Ziwa Tanganyika, hutoka kwa Mto Lukuga, na kuishia Kongo. Malagarasi umo ndani ya bonde la Kongo, ingawa aliyesimama kando yake hatauona mto huo hata siku moja. Maana zote mbili zikikutana katika aya moja, liite eneo lote "dakio la maji" ili msomaji asipotee.

Kuna mtego mwingine, neno "watershed". Mwingereza kwa kawaida anamaanisha mstari unaogawa maji, na Mmarekani anamaanisha bonde lenyewe. Angalia mwandishi ametoka wapi, kisha tazama kitenzi: kama mvua "hunyesha ndani" yake, ni bonde, kama mtu "anauvuka", ni mstari.

Ukiwa na shaka kama sehemu fulani imo bondeni, ramani ya kontua, yaani yenye mistari inayounganisha sehemu za kimo kimoja, itakuamulia. Anzia mdomo wa mto na upande nao kwa penseli. Kontua zinapovuka mto huchora V yenye ncha inayoelekea mtoni juu. Zinapovuka mgongo wa kilima, ncha huelekea chini. Fuata migongo hiyo upande mmoja hadi vilele vya mwanzo wa mto, kisha rudi kwa upande wa pili mpaka mdomoni. Mstari wako ukate kontua kwa pembe mraba, na usivuke mto popote ila pale mdomoni. Wengi hukosea kwa kufuata kontua yenyewe, wakidhani urefu ulio sawa ndio mpaka. Mpaka hupanda na kushuka pamoja na mgongo. Jaribu kwa kuchagua nukta yoyote ndani ya mstari na kushuka nayo ukikata kontua kwa pembe mraba: usipofika mtoni, umekosea mahali.

Wanajiolojia wana maana yao, bonde la mashapo: mahali ardhi ilipozama taratibu huku mchanga na matope vikijaa. Hili huenda lisionekane kama shimo hata kidogo. Bonde la Paris kwa juu ni nyanda, lakini chini tabaka zake zimekaa kama sahani zilizopangwa moja ndani ya nyingine. Ukiandika "beseni" hapo, msomaji atafikiria plastiki.

Mwisho ni maandishi ya tiba. "Pelvis" ni Kilatini cha beseni, na "bassin" ya Kifaransa, "bacino" ya Kiitaliano na "Becken" ya Kijerumani zote hutaja chombo, ardhi na mifupa ya nyonga. Ukifasiri kutoka lugha hizo na sentensi ikazungumzia uzazi au kuvunjika mfupa, andika nyonga. Na "Becken" ya Kijerumani ikitokea kwenye habari za muziki, ni matoazi.