Jinsi ya kutazama Bharatanatyam kwenye simu mpaka ikuingie

Wapenzi wa ngoma wa Mtwara na Lindi, vile vikideo vya sekunde thelathini vya wadada wa Kihindi wenye njuga vinapendeza kweli, ila havikufundishi kitu, unaona mzunguko mmoja mkali, unalaiki, umepita. Bharatanatyam ni ngoma ya Tamil Nadu huko kusini mwa India, mizizi yake iko mahekaluni, na utamu wake unakuja taratibu.

Kwanza tafuta onyesho zima. Ingia YouTube uandike Bharatanatyam margam, margam ndo mpangilio wenyewe, inafungua alarippu fupi ya kuamsha mwili, katikati varnam ndefu ya kusimulia, mwisho tillana ya kufungia. Bando likibana, pakua usiku. Na chagua video ambayo kamera imetulia inaonyesha mtu mzima kichwa mpaka nyayo, zile za kukatakata sura zinakunyima miguu.

Kwenye alarippu angalia miguu tu. Magoti yamekunjwa yametazama nje, nyayo zinapiga sakafu, na pembeni kuna mtu anagonga matoazi madogo huku anatamka ta-ka-di-mi, huyo ndo nattuvanar. Kama umekulia kwenye sindimba hapa hupati shida, mchezaji na mpigaji wanaongea vilevile.

Sasa vaa earphone ujifunze kuhesabu Adi tala, yaani mzunguko wa mapigo 8, nyimbo nyingi ziko humo. Piga kofi pajani, gusisha dole gumba na kidole cha mwisho, kisha cha pete, kisha cha kati, halafu kofi, geuza kiganja juu, kofi, geuza. Unarudia hivyo hivyo. Utapotea sana mwanzoni we endelea tu, maana siku mguu wa mchezaji ukitua pamoja na kofi lako la kwanza utashtuka mwenyewe, raha yake sina hata namna ya kuielezea.

Varnam inaweza kufika nusu saa na zaidi, na hapo ndo wengi wanasogeza mbele, msifanye hivyo jamani! Mstari uleule unaimbwa tena na tena ila kila mara mikono inasimulia jambo jingine, mara yeye ni mwanamke anayemsubiri mpenzi, mara ni huyo mpenzi mwenyewe. Fuata macho yake yanakoelekea, utajua amekuwa nani.

Msimu mkubwa wa maonyesho wa Chennai, mji mkuu wa Tamil Nadu, ni katikati ya Desemba mpaka katikati ya Januari, hela ya korosho ishaingia. Onyesho la saa moja jioni kule, kwetu ni saa kumi na nusu.