Kabla hujaiomba mahakama iwalazimishe polisi kuchunguza

Karatasi yenyewe ilichanwa kutoka daftari la shule, upana wa vidole viwili, na namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi, ilikuwa imeanza kufutika kwa jasho la mfukoni. Ndiyo kesi yangu nzima hiyo, nilipoingia kwa wakili mjini Kisumu, Kenya, miezi mitano baada ya kuuziwa ploti kwa hatimiliki bandia. Akaniuliza, umemwandikia nani? Sikuwa nimemwandikia mtu. Nilikuwa nimekwenda kituoni mara saba, na mara zote saba niliambiwa nirudi wiki ijayo.

Kwa hiyo anza na hiyo namba. Ya mwanzo ni namba ya tukio kwa siku hiyo, zinazofuata ni tarehe. Ukipoteza moja, kulipata tukio lako kitabuni ni taabu. Ipige picha. Halafu usiondoke kabla hujaandikisha taarifa na kujua jina na cheo cha afisa atakayeshika faili. Aliyejeruhiwa aifuate fomu ya P3, ile ya polisi ambayo daktari huandika majeraha, mapema, kidonda kikiwa bado kinaonekana.

Kazi kubwa ni barua. Jaji hahesabu nauli uliyomaliza kwenda kituoni. Mwandikie mkuu wa kituo, kisha ofisi ya DCI, yaani idara ya upelelezi wa jinai, kisha Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ambaye ana ofisi Kisumu. Kifungu cha 157(4) cha Katiba kinampa uwezo wa kumwelekeza Inspekta Jenerali wa Polisi achunguze tuhuma, na Inspekta Jenerali hana budi kutii. Nashangaa wengi wanavyoiruka njia hii, ilhali haina ada ya mahakama. Peleka nakala mbili, moja urudi nayo ikiwa na muhuri wa kupokelewa na tarehe. Karani akikwambia mwenye ufunguo wa kabati la muhuri ametoka kula, kaa ungoje. Mimi nilingoja hadi saa tisa. Kama ni polisi wenyewe wanaokuzungusha, IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi, hupokea malalamiko dhidi yao.

Barua zote hizo ni za nini? Ukiomba Mahakama Kuu itoe amri ya kuwalazimisha, jaji atataka kujua kama walikuwa na wajibu, kama uliwaomba, na kama walikataa au kunyamaza bila sababu. Ukishinda, ataamuru wafanye kazi yao. Usitarajie aamuru fulani akamatwe.

Kuna wanaosema hakimu humwamuru tu OCS, yaani mkuu wa kituo, achunguze. Hiyo ni sheria ya India. Kwetu hakimu anaweza kupokea lalamiko lako chini ya kifungu cha 89 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, au kukuruhusu uendeshe mashtaka mwenyewe chini ya kifungu cha 88, lakini hapo ushahidi utautafuta wewe, na bado utaulizwa kama ulianza na polisi. Kama kuna mtu aliyekufa, hakimu anaweza kuchunguza chanzo cha kifo. Kisumu tuliona hayo: kifo cha mtoto wa miezi sita katika msako wa polisi wa Agosti 2017 kilichunguzwa mahakamani, na Februari 2019 hakimu akawabebesha polisi lawama.

Kwenye hati ya kiapo, panga matukio kwa tarehe na uambatishe kila barua. Ujumbe wa M-Pesa na WhatsApp uchapishe pamoja na cheti kinachotakiwa na kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Wengi hukisahau, na upande wa pili haukisahau kamwe. Deni la kawaida usilivishe nguo za wizi. Wala usitie chumvi: kumpa afisa wa umma habari za uongo ni kosa, na kifungo chake kinafika miaka 3.

Barua yangu ya tatu ilijibiwa baada ya siku kumi na moja. Faili likahamishiwa kwa afisa mwingine, ambaye alinipigia simu yeye mwenyewe kuniuliza ploti iko wapi. Ombi la Mahakama Kuu bado limo ndani ya bahasha ya kaki juu ya kabati, halijawasilishwa.